Mlango Uliopasuka Mara Moja

Niseme mapema ili tusipotezeane muda: habari hii naisimulia nikiwa na hasira, na sina mpango wa kuipoza. Anayependa mambo yaliyopozwa akaangalie filamu ya Mkurugenzi. Ipo, ina muziki mwanzo mwisho.

Dada yangu ni mtengeneza filamu. Si zile za kuigiza, za watu kupendana na kupigana vibao. Yeye hurekodi wasanii wakiwa kazini: wachoraji, wachongaji, watu wanaokunja mabati yakawa ndege, mwanamke mmoja aliyekuwa akishona mapazia makubwa kwa mifuko ya nailoni. Hamwulizi mtu alizaliwa wapi wala mawazo anayatoa wapi. Anachotaka ni kuuona mkono unavyosita kabla ya kuweka rangi. Mimi ni mdogo wake, na ndiye mshika sauti wake. Ananiita Masikio, jina lililoanza kwa utani likanata, na sasa hata mama yetu mzazi huniita hivyo akinituma sabuni dukani.

Mama hajawahi kuielewa kazi yetu, na hafichi.

"Kwa hiyo wao wanafanya kazi," huuliza, "na nyinyi mnawaangalia."

"Ndiyo, Mama."

"Na hiyo nayo mnaiita kazi."

"Ndiyo, Mama."

"Haya. Basi leo nami nitafanya kazi. Nitawaangalia mkiosha vyombo."

Dada alianzia kwenye harusi, kama wengi wa fani hii. Alikuwa msaidizi wa mpiga video mmoja mwenye mabega mapana na sauti ya kuamrisha. Kazi yake ilikuwa kubeba taa na kukunja nyaya. Siku moja baba wa bibi harusi, mzee mkavu ambaye hakuna aliyewahi kuyaona meno yake, alimkumbatia binti yake mlangoni akaangua kilio. Kilio cha kweli, mpaka kofia ikamwanguka. Mpiga video akasema, "Mzee, tena! Taa ilikuwa vibaya." Na kwa kuwa watu wazima hutii kamera kuliko wanavyowatii wake zao, mzee akaokota kofia, akamkumbatia binti mara ya pili, wote wawili wakicheka kwa aibu. Kitendo hicho cha pili ndicho kilichoingia kwenye video. Cha kwanza hakipo popote duniani. Dada alikunja nyaya zake jioni hiyo, akazikabidhi, na hakurudi.

Tangu hapo ana mwiko mmoja. Hamwambii mtu "tena". Msanii akifanya jambo la ajabu wakati Dada anabadilisha betri, basi, limempita. Atanuna njia nzima hadi nyumbani, atagombana na kondakta, atagombana na mimi, atagombana na sufuria, lakini hasemi. Nimewahi kumwona akijiuma kidole ili neno lisimtoke.

Sasa, ili mwiko huo uwezekane, inabidi watu wasahau kwamba yupo. Kwa hiyo siku za mwanzo haleti kamera kabisa. Anakuja, anafagia karakana, anashika mbao upande wa pili, anachemsha chai. Baadaye kamera inakuja na kukaa juu ya kigoda ikiwa imefunikwa kitambaa. Siku kitambaa kinapoondoka hakuna anayegundua. Mimi nami nina kituko changu. Kila asubuhi kabla ya kazi naomba wote wanyamaze kidogo nirekodi sauti ya mahali penyewe, pakiwa patupu. Kila mahali pana ukimya wake, na wakati wa kuhariri utauhitaji ukimya ule ule ili kuziba mapengo. Wasanii hutuona wendawazimu. "Unarekodi nini, na hakuna kitu?" Ndiyo, narekodi hakuna kitu. Narekodi kwa mashine yangu mwenyewe, wenye filamu nawapa nakala, na sauti asili inabaki kwangu. Hilo likumbukwe.

Basi likaja jumba la maonyesho. Jumba la vioo, sakafu inateleza, mlangoni kuna mlinzi anayekuuliza unakwenda wapi hata ukiwa unatoka. Mkurugenzi wake alitaka filamu ya msanii ambaye angefungua maonyesho yao mapya. Dada hakuwa amewahi kupata kazi kubwa namna ile. Filamu zake zilikuwa zimeonyeshwa madarasani na kwenye kumbi za mikutano, mtu akishikilia pazia ili mwanga usiingie. Sasa filamu yake ingeonyeshwa kwenye ukumbi wa viti laini, jina lake likiwa ukutani kwa herufi kubwa.

Mkurugenzi ana maneno laini, na anakushika kiwiko akiongea. "Dada," alisema, "mimi nataka ukweli mtupu." Maneno matamu humtoa nyoka pangoni, sote tunaijua methali hiyo. Tunachosahau ni kwamba nyoka akishatoka hupigwa.

Masharti yalikuwa haya: diski za kurekodia ni zao, tuzirudishe kila jioni, na uhariri ufanyike kwenye chumba chao, kwa mashine zao. Mimi sikuyapenda, nikasema. Dada akaniambia niache gubu. Nikaacha gubu.

Msanii mwenyewe tulimwita Mama Milango, kama wanavyomwita wote. Ni mwanamke wa makamo, mfupi, mwenye mikono kama ya mwashi na kicheko cha kuamsha jirani. Hupita palipobomolewa nyumba, akachukua milango, akairanda, akaikata na kuiunganisha ikawa vitu virefu vinavyosimama kama watu wanaosubiri kufunguliwa. Karakana yake ni ua, nusu una paa la bati, nusu uko wazi. Milango imeegemea kila ukuta. Ukibanwa na haja lazima uulize mlango upi ni mlango.

Kati ya milango yote hiyo, mmoja alikuwa hajaugusa. Wa kijani, rangi imebabuka, komeo limelika upande mmoja. Ulikuwa mlango wa nyumba ya mama yake. Barabara ilipopanuliwa, nyumba ilibomolewa mama yake akiwa bado anaishi humo. Walimtoa pamoja na kiti chake, wakamweka upande wa pili wa barabara, akaangalia. Mama Milango alifika ukuta wa mbele umeshalala, akauvuta mlango kutoka kwenye kifusi kwa mikono yake. Mama yake hakumaliza mwaka. Picha ya ile nyumba hakuna. Picha ya ule mlango ukiwa umesimama, mtu akiupita kuingia ndani, hakuna. Alituambia hayo akipiga msasa, bila kuinua uso, na Dada hakumwuliza swali hata moja.

Asubuhi aliyoamua kuukata, aliufunga kwanza kwenye fremu ya kuazima, akaufungua na kuufunga. Bawaba ikalia mlio mrefu, ukafuata mkwaruzo mfupi, kisha komeo likagonga. Alifanya hivyo mara moja tu.

"Basi," alisema. "Huyo ndiye mama, anarudi kutoka kazini."

Akauvua kwenye fremu, akaulaza juu ya meza, akachukua msumeno. Alitaka kuupasua katikati, wima, vipande viwili sawasawa. Mstari alikuwa ameshauchora kwa penseli. Msumeno ulikwenda vizuri mpaka ukakutana na msumari uliozama ndani ya ubao, rangi ya miaka mingi imeufunika. Ukaruka. Mlango ukapasuka wenyewe, mshazari, kutoka kwenye komeo hadi kona ya chini, kwa mlio ambao hadi leo nikiukumbuka nafumba macho. Mama Milango akapiga yowe. Aliutukana msumari, akawatukana walioichora barabara, akawatukana na waliowazaa, kisha akakaa chini kwenye maranda akalia, kamasi zinamtoka, akiita "Mama, mama, mama" kama mtoto aliyepotea sokoni.

Dada hakusogea. Mimi nilikuwa nalia nimeziba mdomo, nisije nikaingia kwenye sauti yangu mwenyewe.

Baada ya muda Mama Milango alijifuta kwa mkono wa gauni. Akavitazama vile vipande viwili, akaviinua, akakiegemeza kimoja kwa kingine. Vikasimama. Akavizunguka, akarudi nyuma, akainamisha kichwa.

"Kumbe," alisema.

Hiyo ndiyo kazi iliyokuja kusimama kwenye lango la jumba la vioo. Nyote mliokwenda mkaizunguka na glasi zenu mkononi mkitikisa vichwa, ilizaliwa hivyo, kwa msumari na kamasi.

Tukiwa njiani kurudi Dada alinishika bega. "Masikio," aliniambia, "hata nikifa kesho, nimekipata kile cha kwanza." Nilijua anamzungumzia yule mzee wa kofia. Kesho yake aliiazima tena diski ile jumbani, akarudi kwa Mama Milango na kumwonyesha kipande chote kwenye kioo cha kamera. Mama Milango alikitazama mpaka mwisho, akasema, "Kiache hivyo hivyo. Nimependa mama alivyoonekana." Alikuwa anauzungumzia mlango.

Tukahariri. Filamu nzima Dada aliijenga kuelekea kipande kile. Mkurugenzi alikuja kuiona, akakaa nyuma yetu, na mlango ulipopasuka nikasikia kiti chake kinalia.

"Hapa pananitia wasiwasi," alisema.

"Wasiwasi gani?"

"Msanii wetu anaonekana kama amekosea."

"Amekosea kweli," Dada alisema.

"Ndiyo, lakini fikiria mnunuzi. Nani ataweka nyumbani kwake kitu kilichotokana na ajali? Na kilio hiki, Dada. Msanii mkubwa hawezi kulia hivi. Tumwonyeshe ametulia, anajua anachokifanya."

"Ukikitoa hiki, kinachobaki si filamu. Ni tangazo."

Akamshika kiwiko. Akasema atalitafakari, na kwamba anauheshimu sana msimamo wake. Ukisikia mtu wa namna hiyo anauheshimu msimamo wako, ujue ameshaanza kuuchimbia kaburi.

Siku chache baadaye alimwita Dada peke yake ofisini. Alikuwa na uso wa msiba. "Mama Milango mwenyewe ameomba tukiondoe kile kilio," alimwambia. "Amesema anaona haya. Hakutaka kukuambia, anakuogopa. Mimi nikasema, uso ni wake."

Hapo alimpiga pabaya. Dada angeweza kupigana na Mkurugenzi mpaka mbingu ishuke, lakini na mwenye uso hakuweza. Alirudi nyumbani, akavua viatu, akasugua masufuria ambayo yalikuwa masafi. "Uso ni wake," aliiambia sufuria. "Akisema kitoke, kitoke." Kisha akaipigiza kwenye sinki. "Lakini si alikiona? Si alisema kiachwe? Mbona hakuniambia mimi?" Mama yetu, aliyekuwa anachambua mchele, alimwambia ampigie simu huyo mwanamke amwulize. Ushauri wa bure, wa mtu asiyejua kazi yetu. Dada akasema hampigii simu mtu aliyemsema nyuma ya mgongo wake. Akanuna. Nami nikanuna kwa kumuunga mkono, na hivyo ndivyo watu wazima wawili tulivyomsaidia mwongo kazi yake.

Halafu tukasikia lingine. Fundi fremu wa jumba, mtu asiyeweza kukaa na neno tumboni, aliniambia kwamba watu wengine wa kamera wametumwa kwa Mama Milango na mataa makubwa. Wamemvalisha aproni nyeupe. Wamempa mlango mwingine, wa kahawia, na ameukata huku anatabasamu.

Nilipomwambia Dada, mori ulimpanda nikaogopa. "Amekubali kuigiza!" Alivaa viatu bila soksi, akatoka, nami nyuma yake.

Alianza kufoka kabla hajavuka kizingiti cha ua. "Si ungeniambia mwenyewe! Simu unayo, mdomo unao!"

Mama Milango alikuwa anaranda. Aliitua randa taratibu. "Mimi ndiye wa kukuambia? Toka kwangu, mnafiki wewe!"

"Mnafiki ni aliyevaa aproni nyeupe!"

"Niliyoletewa na nani?"

"Na hao hao uliowaambia unaona haya!"

"Haya ya nini? Wewe ndiye ungeona haya! Siku zote zile umekaa hapo pembeni kama mgonjwa anayesubiri daktari, hukuniambia rudia hata mara moja. Nikasema moyoni, huyu ni mtu. Halafu unanitumia watu na mataa yao, eti, 'Mama, Dada anaomba urudie, safari hii utabasamu.' Nitabasamu! Nikimkata mama yangu!"

Dada alikuwa ameshafungua mdomo kwa tusi lingine. Akaufunga.

"Nani ameomba urudie?" aliuliza.

"Wewe."

"Mimi nimesema tena?"

"Mkurugenzi alikaa hapo hapo ulipo. Akasema picha zako zimeharibika, na zisipopatikana nyingine utafukuzwa kazi. Nikavaa takataka yao kwa ajili yako, mjinga wewe! Nilitabasamu mpaka taya zikauma, usikose kazi!"

"Mimi aliniambia umeomba kilio kitoke. Nikakubali kitoke, usiaibike."

"Niaibike kwa kumlilia mama yangu?"

Njia ya mwongo ni fupi, wanasema. Hii haikuwa ndefu kuliko ua ule, na bado wanawake hawa wawili walikuwa wameshindwa kuivuka, kila mmoja amejitoa kwa ajili ya mwenzake na kila mmoja amenuna kwake. Mama Milango alikuwa wa kwanza kuchukua kitambaa chake cha kichwa. "Twendeni," alisema, "tukamtoe mama kwenye hiyo mashine yao."

Tulikwenda watatu. Mlinzi alituuliza tunakwenda wapi, na Mama Milango akamjibu kwa jicho, akatupisha. Kwenye chumba cha uhariri tulimkuta fundi wa mitambo anakula ndizi. Dada alimwomba diski za siku ya mlango wa kijani.

"Zile zilifutwa," alisema, bila ubaya wowote, kama mtu anayekuambia mvua ilinyesha. "Watu wapya walihitaji nafasi. Niliambiwa ambazo hazitumiki nifute."

"Zote?"

"Zote za siku hiyo. Na ile filamu yenu ya mwanzo pia."

Dada alishika ukingo wa meza. Mlango ukiwa umesimama, ukifunguliwa, ukifungwa: ulikuwa umewahi kuonekana hivyo mahali pamoja tu baada ya kifusi, na mahali hapo pamefutwa ili kupata nafasi ya aproni. Mama Milango hakulia. Alikaa kwenye kiti cha Mkurugenzi, kile kilichokuwa kimelia, akatazama kioo cheusi cha mashine.

"Wameubomoa na huku," alisema.

Mkurugenzi alipoitwa aliruka kimanga. Hakumwambia mtu kitu, tulielewana vibaya, kila mtu alikuwa na shughuli nyingi, na mashine ni mashine. Dada alitaka jina lake litolewe. Akasema haiwezekani, mabango yameshachapwa. Alinyoosha mkono kutafuta kiwiko cha mtu, na mimi niliona wazi kabisa ni wapi ningemshika yeye, na haikuwa kwenye kiwiko. Dada aliniwahi, akanivuta nje.

Ni kule nje, kwenye ngazi, nilipokumbuka. Hasira hunifanya mpumbavu. Nilikuwa nimesimama mle ndani muda wote na mashine yangu begani kama mwenye kubeba kisima huku analilia maji. Nikawakalisha wote wawili kwenye ngazi, nikampa Mama Milango spika za masikioni, nikatafuta siku ile. Alisikiliza. Nilijua amefika kwenye bawaba kwa sababu alinishika goti, akalikaza, na hakuliachia hadi mwisho.

"Siku ya ufunguzi," aliniuliza alipozivua, "maikrofoni atashika nani?"

Fundi sauti wa jumba alikuwa amesafiri. Mkurugenzi, ambaye hatofautishi mtu na stuli, alikuwa ameshaniomba mimi nisimamie sauti za hotuba.

Ukumbi ulijaa alasiri ya ufunguzi. Walikuja wenye nguo za kitani na miwani mikubwa, na Dada akamleta mama yetu, aliyekaa mstari wa nyuma na mkoba wake magotini. Filamu ikaanza. Jina la Dada likaja kubwa ukutani, na nikamwona akiikalia mikono yake yote miwili. Kinanda kikalia. Mama Milango akatokea na aproni nyeupe pee, akitabasamu, akiukata mlango wa kahawia ulionyooka kama rula. Msumeno haukukutana na kitu. Maranda yalianguka polepole, kwa madaha. Watu wakapiga makofi. Mwanamke mmoja mbele yangu alimnong'oneza mumewe, "Mwone alivyotulia," na nikatamani kumrushia waya.

Mgeni wa heshima akaitwa kutoa neno la shukrani. Mama Milango alipanda jukwaani kwa gauni lake la karakana, akaichukua maikrofoni niliyompa.

"Mlango mliouona sio ule uliosimama pale langoni," alisema. "Ule niliupasua mara moja tu. Picha yake ilikuwepo, huyu dada aliipiga, na wenye nyumba hii wameifuta. Naomba mzime taa."

Mkurugenzi alicheka kwa furaha, akidhani ni sehemu ya sanaa, na yeye mwenyewe ndiye aliyemwashiria fundi wa mitambo azime. Giza likaingia. Nikabonyeza.

Kwanza ulikuja ukimya wa ule ua, ile hakuna kitu yangu: bati linalojikunja kwa joto, jogoo mbali, mtu anameza mate. Halafu bawaba. Halafu mkwaruzo, na komeo. "Basi. Huyo ndiye mama, anarudi kutoka kazini." Msumeno ukaanza, ukaenda, ukaenda, na watu wote mle ndani wakawa wanausubiri bila kujua wanasubiri nini. Uliporuka, mtu alipiga kelele ukumbini. Matusi nayo yalikuja yote, sikukata hata moja. Na mwisho ile "Mama, mama, mama", kwenye spika kubwa za watu wenye nguo za kitani, kwenye giza, na hakuna mahali pa kugeuzia uso. Nilisikia pua zikivutwa kila upande. Nilimsikia mama yangu mzazi mstari wa nyuma, na nikamtambua, akilia kwa kwikwi. Likaja "Kumbe," nikazima.

Taa ziliporudi hakuna aliyepiga makofi. Mama yetu alimshika Dada mkono, akamwambia kwa sauti ambayo mstari mzima uliisikia, "Kumbe hii ndiyo kazi yenu."

Mkurugenzi alitujia mbio, anawapangua watu. Macho yake yalikuwa mekundu kweli, na siwezi kumsamehe hata kwa hilo.

"Ajabu!" alisema. "Ajabu hii! Sauti tunayo, tunachokosa ni picha tu." Akamshika Dada kiwiko. "Wewe anakusikiliza. Kesho tunatafuta mlango wa kijani, anarudia, Masikio anaipandisha sauti juu yake. Hakuna atakayejua. Mwambie."

Dada alikitazama kiwiko chake mpaka ule mkono ukatoka wenyewe.

"Neno hilo mimi silijui," alisema. "Mwambie wewe."

Akamwambia. Alipiga goti moja sakafuni kabisa, watu wanatazama, akaunganisha viganja vyake. "Mama, nakuomba. Tena. Mara moja tu."

Mama Milango alimwinamia. Kisha akaitikia kwa kichwa.

"Kurudia nitarudia," alisema. "Ila mlango ulete wewe. Ule wa nyumba ya mama yako."

Mkurugenzi alicheka. Akatutazama mmoja mmoja, akaona hatucheki, akaacha.

"Lakini, Mama," alisema, "mama yangu bado anaishi humo."

"Hata wangu alikuwa anaishi humo."